Watu Wawili Walioanguka Kutoka Angani

1. Safari

Siku ya 18 Machi 1965, katika nchi ya Warusi, watu wawili walipanda chombo cha kwenda angani. Mkubwa wao aliitwa Pavel Belyayev, naye alikuwa na miaka 39. Mwenzake aliitwa Alexei Leonov, mwenye miaka 30. Chombo chao kiliitwa Voskhod 2. Kilikuwa cha mviringo kama mpira, na nafasi ya ndani ilikuwa ndogo sana. Watu wawili walikaa humo bega kwa bega.

Roketi ikakirusha juu, kupita mawingu, kupita mahali ndege zinaporuka. Kule juu kikaanza kuizunguka dunia. Muda wa dakika 90 hivi kilikuwa kimekwisha kuizunguka yote mara moja.

Katika safari ile Leonov alifanya jambo ambalo hakuna mtu aliyelifanya mbele yake. Alitoka nje ya chombo akaelea angani muda wa dakika 12, amefungwa kwa kamba kama mbuzi. Kule nje hakuna hewa hata kidogo. Kwa hiyo alivaa vazi nene lililojaa hewa ndani.

Lakini alipotaka kurudi, vazi lilikuwa limevimba kama mpira uliopulizwa mno. Vidole vyake havikufika tena katika ncha za mifuko ya mikono, wala miguu yake haikukaa sawasawa katika viatu. Mlango ulikuwa mwembamba, naye amekuwa mnene. Angefanya nini? Hakuna wa kumvuta. Kupiga kelele hakungalimsaidia. Akafungua kidogo kidogo tundu la vazi, akaacha hewa itoke. Alijua vema kwamba hewa ikipungua mno atazimia. Akatoa kidogo, akangoja. Akatoa tena kidogo. Vazi likalegea. Akaingia, kichwa mbele, na jasho likimtiririka mwili mzima.

Mlikumbuke jasho hilo. Mtaona kwamba karibu limwue baadaye.

2. Mashini inakataa kazi

Kesho yake, 19 Machi, ikafika saa ya kurudi duniani. Chombo kilikuwa na mashini ya kukielekeza chenyewe. Mashini ile ikakataa kazi.

Belyayev hakubabaika. Yeye na mwenzake walikuwa wamejifunza kuongoza chombo kwa mikono. Lakini apate kuona vema katika kidirisha, ilimpasa alale kukingama juu ya viti, naye Leonov akamshika asielee. Alipokwisha kukielekeza chombo, walipaswa kurudi upesi katika viti vyao mbele ya kuwasha moto wa kukipunguza mwendo, maana chombo kisichokaa sawa hupinduka. Kurudi vitini kukawachelewesha sekunde 46.

Mtasema, sekunde 46 ni kitu gani? Mtu hawezi hata kumaliza kufunga viatu vyake. Lakini chombo kile kilikwenda karibu kilometa 8 kwa sekunde moja. Fanyeni hesabu: 8 mara 46. Ndipo mtafahamu kwa nini kilianguka mbali ya mahali palipotengenezwa, kilometa 386. Kwa miguu ni mwendo wa siku kumi.

3. Msituni

Chombo kilishuka kwa mwavuli mkubwa. Hakikuanguka uwanjani, ila katikati ya msitu mkubwa wa milima ya Ural, upande wa mji wa Perm. Mwavuli ukanaswa katika vilele vya miti.

Msitu ule si kama misitu ya Kongo. Kwetu msitu una joto na mvua, una ndizi-mwitu, asali na nyama. Msitu wa Urusi, mwezi wa Machi, umejaa theluji. Theluji ni maji yaliyoganda, huanguka toka mawinguni, meupe na mepesi kama pamba. Kongo inaonekana juu kabisa ya milima ya Ruwenzori. Kule msituni theluji ilikuwa na kina cha kupita mita moja. Tena walikuwamo mbwa-mwitu na dubu. Dubu ni mnyama mkubwa mwenye manyoya, na nguvu zake ni kubwa sana. Na huo ulikuwa wakati ambao wanyama wale huwa wakali kupita siku nyingine.

Wale wawili wakataka kutoka. Mlango ulifungwa kwa misumari yenye baruti. Baruti ikalipuka, lakini mlango haukufunguka, kwani mti ulikuwa umeuzuia kwa nje. Wakausukuma, wakauvuta, wakausukuma tena, mpaka ukatoka ukaanguka katika theluji. Wakavuta hewa ya nchi. Belyayev akatoka kwanza, akazama katika theluji. Leonov akamfuata.

Sasa walikuwa wazima, lakini hakuna aliyejua walipo. Kwa radio wakapiga alama ileile mara nyingi, ya kuwajulisha watu kwamba ni wazima. Kisha wakangoja. Saa kadha zikapita. Mwishowe helikopta moja ikawaona kwa juu. Ikateremsha ngazi ya kamba. Wale wawili wakaitazama tu, kwani mavazi yao yalikuwa mazito na magumu, na ngazi ya namna ile hufaa watu waliozoea kuipanda. Hawakuweza. Wala helikopta haikupata mahali pa kutua, kwa wingi wa miti.

Ndege nyingine zikaja, zikawatupia vitu. Nguo nyingi za joto zikanaswa katika matawi. Walakini wakapata shoka na viatu vya ngozi ya mbwa-mwitu. Kisha giza likaingia, ndege zikaondoka, msitu ukanyamaza.

4. Usiku

Sasa ndipo adui mkubwa alipofika. Si dubu, si njaa. Alikuwa baridi.

Mnakumbuka jasho la Leonov? Lilikuwa limekusanyika ndani ya vazi lake mpaka miguuni, akitembea maji yanalia ndani ya viatu. Mtu mwenye nguo mbichi hupoteza joto la mwili wake upesi sana. Wavuvi wa ziwa Tanganyika wanajua jambo hilo: mtu aliyelowa akipigwa na upepo wa usiku hutetemeka hata penye nchi ya joto. Je, kule penye baridi ya kugandisha mto itakuwaje? Jasho lingeganda juu ya ngozi, naye angelala asiamke.

Basi wakafanya jambo ambalo mjinga angelicheka. Katika baridi ile kali walivua nguo zote. Wakamwaga maji yaliyokuwamo katika mavazi. Wakakamua nguo za ndani kwa nguvu mpaka zikabaki na unyevu kidogo tu. Kisha wakazivaa tena upesi. Vazi la angani lilikuwa na sehemu ngumu na sehemu laini. Wakatenga sehemu ngumu, wakavaa zile laini, wapate kujongea vema.

Wakajaribu kuuteremsha mwavuli toka mitini wajifunike. Ukakataa, na kazi ile ikawachosha. Theluji ikaanza kuanguka tena, na baridi ikazidi. Ndipo wakaacha. Kutumia nguvu bure penye hatari ni kama kumwaga maji penye ukame. Wakaingia katika chombo chao, wakakaa karibukaribu. Mlango haupo tena, na tundu likabaki wazi. Walikuwa na bastola moja, kama mnyama angekuja.

Usiku ule ulikuwa mrefu. Lakini hakuna aliyemlaumu mwenzake: «Wewe ndiwe uliyechelewesha moto», au, «Wewe ndiwe uliyenishikilia vibaya». Ugomvi msituni ni adui wa tatu, nyuma ya baridi na njaa. Wazee wetu husema: Kidole kimoja hakivunji chawa. Asubuhi wote wawili walikuwa hai.

5. Msaada unafika

Siku ya pili watu wa kuwaokoa wakafika kwa miguu. Walivaa chini ya viatu vyao mbao ndefu nyembamba, ambazo humfanya mtu ateleze juu ya theluji pasipo kuzama. Miongoni mwao alikuwamo daktari. Wakakata miti, wakajenga kibanda kidogo, wakawasha moto mkubwa. Wakapasha maji katika pipa lililoletwa kwa helikopta, wale wawili wakaoga maji ya moto. Wakala mkate na nyama, wakalala usingizi wa kweli.

Lakini safari haikuisha. Siku ya tatu, 21 Machi, Belyayev na Leonov nao wakavaa zile mbao, wakateleza pamoja na wenzao karibu kilometa 9 mpaka mahali palipokatwa miti, ambapo helikopta iliweza kutua. Ndivyo walivyorudi kwao.

Belyayev alikufa mwaka 1970. Leonov aliishi miaka mingi, akafa mwaka 2019, mwenye miaka 85. Nao Warusi walipata fundisho. Toka mwaka 1986, kwa muda wa miaka mingi, wasafiri wao wa angani waliwekewa katika sanduku bunduki fupi yenye midomo mitatu, ya kuwasaidia kama wangeanguka tena msituni.

6. Na kama ingalikuwa nyota nyingine?

Sasa tufikiri. Wale wawili walianguka mahali pabaya, lakini walianguka duniani. Je, kama chombo chao kingalianguka katika Marsi?

Marsi ni ile nyota nyekundu tunayoiona usiku kwa majira yake. Kwa kweli si nyota, ni sayari. Kama dunia yetu, nayo hulizunguka jua. Mpaka leo hakuna mtu aliyefika huko. Mashini zimefika. Mashini ya Wamarekani iitwayo Perseverance iliondoka duniani mwezi wa Julai 2020, ikatua Marsi tarehe 18 Februari 2021. Ilisafiri karibu miezi saba.

Tulinganishe jambo moja moja.

Hewa. Belyayev na Leonov walipofungua mlango, walivuta pumzi tu. Marsi ina hewa nyepesi sana. Uzito wake haufiki hata sehemu moja katika mia ya uzito wa hewa yetu. Tena karibu hewa yote ya huko ni ile tunayoitoa sisi kinywani tukipumua, isiyotufaa tena. Mtu akifungua mlango huko pasipo vazi, atazimia upesi na kufa. Wenye elimu walijaribu jambo moja: waliweka ndani ya Perseverance chombo kidogo kiitwacho MOXIE, cha kugeuza hewa mbaya ya Marsi iwe oksijeni, ndiyo hewa ya kumpa mtu uzima. Toka 2021 mpaka 2023 MOXIE ilifanya gramu 122 kwa jumla. Ni kazi ya ajabu. Lakini mtu mmoja hutaka gramu 800 hivi kwa siku moja. Kazi yote ya miaka ile haimtoshi mtu kwa saa nne.

Moto. Msituni waliowaokoa walikata kuni. Marsi hakuna mti, hakuna hata jani. Na mtu akichukua kuni toka duniani, hazitawaka huko, kwani moto pia hutaka oksijeni. Ukitaka kuona, funika mshumaa kwa kikombe.

Baridi. Baridi ya Marsi, tukichukua ya katikati, ni digrii 60 hivi chini ya kuganda kwa maji. Kutetemeka tu hakutamsaidia mtu.

Maji. Msituni theluji ni maji, iyeyushe unywe. Marsi maji yapo, lakini ni barafu penye ncha zake mbili na chini ya udongo. Lazima kuchimba, tena kuyasafisha, maana udongo wa huko una chumvi yenye sumu.

Msaada. Sauti ya radio hutoka Marsi mpaka duniani kwa dakika 3 sayari hizi zikikaribiana sana, na kwa dakika 22 zikiwa mbali. Mtu akiita: «Nisaidieni!» atangoja muda mrefu mbele ya kusikia neno la kwanza. Na msaada wenyewe uko mbali kwa miezi mingi. Msituni watu walifika siku ya pili.

Basi, mtu aanguke Marsi afanye nini? Wenye elimu hujibu hivi. Kwanza, asitoke chomboni pasipo vazi lililo zima. Pili, aangalie kama hewa inavuja, azibe tundu mbele ya kufanya jambo jingine lo lote, kwani pasipo hewa mtu hawezi kuishi dakika nyingi. Tatu, atunze joto. Nne, apime maji na chakula, agawanye kwa siku. Tano, apeleke habari, kisha akae karibu na chombo chake, ndicho nyumba yake. Hewa, joto, maji, chakula: shikeni mpango huo. Mwenye njaa aweza kuishi siku nyingi. Mwenye kiu siku chache. Aliyekosa hewa dakika chache tu.

7. Fundisho

Watoto wapenzi, si wengi kati yenu watakaopanda roketi. Lakini kila mtu anaweza kupotea porini, kupinduka na mtumbwi, au kukutwa na giza mbali ya kijiji. Siku ile mtakumbuka watu wawili wa Urusi.

Hawakuokolewa na nguvu za mikono, kwani ngazi iliwashinda na mwavuli uliwashinda. Waliokolewa kwa sababu walijifunza kazi yao mbele ya hatari, hawakubabaika, walikausha nguo zao, walikaa pamoja mahali pamoja, na hawakugombana. Anayekimbia huku na huku porini humchosha hata anayemtafuta.

Tena jambo jingine. Mtu hupata kufahamu thamani ya kitu akikikosa. Sasa hivi, mlipo darasani, vuteni pumzi moja. Hakuna aliyewauliza franga. Mungu Mwumba amewapa hewa, na maji ya mto, na kuni za msitu, na jua lisilo kali mno wala dhaifu mno. Wenye elimu wametazama sayari zote zinazolizunguka jua letu; hawajaona nyingine ambayo mtu anaweza kutoka nje asubuhi bila vazi la chuma, akapumua na kuimba. Kwa hiyo anayechoma msitu bure au kuchafua kisima, anatoboa chombo anachosafiria yeye mwenyewe na ndugu zake.

Maneno

kubabaika: kuchanganyikiwa kwa hofu.
kukingama: kulala kwa upande, kukata njia.
kukamua: kubana nguo mbichi maji yatoke.
kuzimia: kupoteza akili kwa muda, kama aliyelala.
baruti: unga unaolipuka.
sayari: dunia kama yetu au tofauti nayo, inayolizunguka jua.
unyevu: hali ya kitu kisichokauka sana.

Maswali

1. Leonov alifanya nini vazi lake lilipovimba? Kwa nini hakutoa hewa yote mara moja?
2. Chombo kilikwenda kilometa 8 kwa sekunde moja. Katika sekunde 46 kilikwenda kilometa ngapi?
3. Kwa nini wale wawili walivua nguo penye baridi kali?
4. Kwa nini waliacha kuuvuta mwavuli? Je, walifanya vema?
5. Mtu aliye Marsi anaita kwa radio, na sauti yake inachukua dakika 22 kufika. Wakimjibu mara ileile, atasikia jibu nyuma ya dakika ngapi?
6. Andika mambo manne ambayo mtu hawezi kuishi pasipo nayo, ukianza na lile linalotakiwa upesi kupita yote.
7. Kazi ya nyumbani: Uliza baba au babu yako mtu aliyepotea porini usiku afanye nini. Andika maneno yake kwa mistari mitano, ulinganishe na waliyofanya Belyayev na Leonov.